Nani huamua kwamba manowari hii ni frigeti, hii ni destroya na ile ni kruza?

#1 | Nahodha_wa_Msasani
Wakuu, salaam. Nimekuwa nikifuatilia habari za manowari ya Japani iitwayo Izumo, na kila mara nakwama mahali pamoja. Ina urefu wa mita 248, sitaha yake ni tambarare kutoka omo hadi tezi, ikisheheni inakaribia tani 27,000, na tangu 2021 ndege za F-35B zimeshatua juu yake, lakini kwa miaka mingi katika orodha rasmi iliandikwa kuwa ni destroya ya helikopta. Wajerumani nao wana meli za F125 zenye zaidi ya tani 7,000 ambazo wameziita frigeti. Wamarekani wameiita Ticonderoga kruza ingawa haifiki tani 10,000, halafu Zumwalt, yenye takriban tani 15,000, wameiita destroya. Ninadai kwamba hakuna kipimo chochote katika jambo hili, na kwamba kila serikali hujiandikia inavyotaka. Mwenye hoja ya kunipinga aje nayo.

#2 | Fundi_Mitambo_Kurasini
Kipimo kipo, mkuu, ila si tani. Kipimo ni kazi. Jina la destroya lilizaliwa miaka ya 1890, Waingereza walipounda meli za mbio kama HMS Havock ili kuzisaka na kuziangamiza boti ndogo za topido zilizokuwa zikitishia manowari zao kubwa. Frigeti za zama za injini zilirudi mwaka 1943 kwa kazi ya kusindikiza misafara ya meli za mizigo na kuwinda nyambizi. Kruza ilikuwa meli ya kwenda mbali peke yake, kulinda njia za biashara za nchi yake na kuvuruga za adui. Ukishajua meli imetumwa kufanya nini, umeshajua jina lake, hata kama ukubwa wake umeongezeka mara nyingi mno tangu enzi za Havock.

#3 | Kusi_na_Kaskazi
Ndugu Fundi, hoja yako ni nzuri lakini inavuja. Chukua HMS Warrior ya mwaka 1860, yenye deraya ya chuma, takriban tani 9,200, na uwezo wa kuipiga meli yoyote ya vita iliyokuwa ikielea wakati ule. Waliiandika kuwa frigeti. Sababu haikuwa kazi yake. Ilikuwa na sitaha moja tu ya mizinga, na kwa kanuni za enzi za matanga, meli kuu za vita zilikuwa na sitaha mbili au tatu za mizinga, na yenye moja ilihesabiwa frigeti. Kwa hiyo meli yenye nguvu kuliko zote ilikaa katika daraja la chini kwa sababu karani alihesabu sitaha.

#4 | Mwanasheria_wa_Gati
Nyote wawili mmewasahau wanasheria, na hilo halinishangazi. Mkataba wa Washington wa mwaka 1922 uliweka mpaka: meli isiyo ya daraja la juu isizidi tani 10,000 wala isibebe mizinga inayozidi inchi 8. Matokeo yake ni kwamba kila nchi ilianza kujenga kruza za tani 10,000 kamili zenye mizinga ya inchi 8 kamili, kana kwamba mpaka ule ulikuwa agizo. Mwaka 1930 Mkataba wa London ukazigawa kruza mafungu mawili kwa kipenyo cha mzinga, na hapo ndipo nzito na nyepesi zilipotengana kisheria. Wajapani wakaijenga Mogami ikiwa na mizinga ya milimita 155 ili ihesabiwe kuwa nyepesi, kisha mikataba ilipokufa wakaing'oa mizinga hiyo na kuweka ya milimita 203. Meli ni ile ile, mabaharia ni wale wale, lakini fungu limebadilika.

Wajerumani nao, waliokuwa wamebanwa na Mkataba wa Versailles, walijenga Deutschland, wakaiita kwa jina lililomaanisha meli ya deraya tu. Magazeti ya Uingereza yakaibatiza manowari kuu ya mfukoni. Mwaka 1940 Wajerumani wenyewe wakaihamishia katika kruza nzito. Mnaona basi kwamba jina la daraja ni kifungu cha mkataba kilichopakwa rangi ya kijivu.

#5 | Binti_Utete
Naomba kuuleta mjadala nyumbani. Sisi tuliokulia Rufiji tumesimuliwa habari za Königsberg tangu utotoni, na wazee wetu walikuwa wakisema kwamba ile ilikuwa manowari kubwa kuliko zote za Wajerumani, ndiyo maana Waingereza walihangaika nayo miezi mingi katika delta. Je, kwa madaraja haya mnayoyataja, ingeandikwa wapi?

#6 | Mzee_wa_Kilindini
Binti yangu, wazee wasikie nisije nikapigwa bakora, lakini Wajerumani wenyewe waliiandika Königsberg katika fungu la kruza ndogo. Ilikuwa na takriban tani 3,400 na mizinga kumi ya sentimita 10.5. Ukubwa wake kwa watu wa pwani ulitokana na kile ilichokifanya tarehe 20 Septemba 1914 pale bandarini Zanzibar, ilipoizamisha HMS Pegasus iliyokuwa imetia nanga ikifanyiwa matengenezo ya mitambo.

Mjadala wenu una faida hapa, kwa sababu Pegasus nayo iliandikwa kuwa kruza, ya daraja la tatu. Kwenye karatasi zilikuwa kruza mbili zilizokutana, na mizinga yao ilikaribiana kwa kipenyo. Lakini Pegasus ilizinduliwa mwaka 1897, mizinga ya Königsberg ilifika mbali zaidi, na Pegasus ilipigwa bila ya kuweza kumfikia adui. Daraja lilikuwa moja na mauti yakawa ya upande mmoja. Mkifika Fort Jesus hapa Mombasa mtaiona mizinga ya meli zote mbili, nami nimewapeleka wajukuu zangu kuitazama wakaniuliza ni ipi iliyoshinda.

#7 | Fundi_Mitambo_Kurasini
Shikamoo mzee. Umenisaidia bila ya kukusudia. Kumbuka nani aliyeimaliza Königsberg tarehe 11 Julai 1915. Hazikuwa kruza zilizokuwa zikisubiri nje baharini, kwa maana kina cha maji ya delta kiliwazuia. Walizileta HMS Severn na HMS Mersey, ambazo ni monita, meli bapa zenye kina kifupi na mizinga mikubwa ya inchi 6, zilizokuwa zimejengwa Uingereza kwa ajili ya Brazil kwa kazi ya mitoni. Daraja zima la monita limepewa jina la meli moja ya Marekani ya mwaka 1862, na limetambulikana kwa kazi: mzinga mzito juu ya chombo kinachoweza kuingia majini penye kina kidogo. Kazi, ndugu zangu, kazi.

#8 | Kusi_na_Kaskazi
Fundi, ukiambiwa mvua inanyesha utasema ni kwa sababu ya kazi. Nieleze basi kazi ilibadilikaje nchini Marekani tarehe 30 Juni 1975. Siku hiyo meli zilizokuwa zikiitwa frigeti, ambazo kwa Wamarekani zilikuwa kubwa kuliko destroya, ziliamka zikiwa kruza, nyingine zikashushwa kuwa destroya, na meli ndogo za kusindikiza misafara zikapandishwa jina na kuitwa frigeti. Hakuna hata msumari mmoja uliopigwa.

#9 | Karani_Mstaafu
Nimefanya kazi ya kuandaa makadirio ya bajeti kwa miaka mingi, ingawa si ya jeshi, na suala hilo la 1975 halinishangazi hata kidogo. Wakubwa wa Washington walikuwa wakiwekewa mbele orodha mbili: Wasovieti walikuwa na kruza nyingi, na Marekani ilionekana kuwa na chache mno, kwa sababu tu meli zake zilizolingana na kruza za Kisovieti zilikuwa zimeandikwa chini ya jina la frigeti. Mbunge hasomi michoro ya mitambo. Husoma jedwali. Badala ya kujenga meli mpya walilirekebisha jedwali, na pengo likafungwa.

Nyongeza yake ni Ticonderoga yenyewe, ambayo iliagizwa ikiwa destroya, ikiwa imejengwa juu ya umbo la destroya za Spruance, kisha mwaka 1980, kabla haijaanza kazi, ikaandikwa upya kuwa kruza. Sisi ofisini tulikuwa na gari moja lililobadilishwa fungu kila mwaka wa fedha, mara la ukaguzi, mara la utawala, mara la dharura, na dereva hakuwahi kujua.

#10 | Nahodha_wa_Msasani
Karani, nakushukuru, maana naona umeniunga mkono bila ya kusema hivyo.

#11 | Mwanasheria_wa_Gati
Usijitangazie ushindi mapema, Nahodha. Kama kila serikali ingejiandikia tu, Wasovieti wasingehangaika na Montreux. Mkataba wa mwaka 1936 kuhusu milango ya bahari ya Uturuki unaziruhusu nchi za Bahari Nyeusi kupitisha meli zao kubwa za kivita kwa masharti, lakini haukuziachia nafasi manowari za kubeba ndege. Meli za Kisovieti za aina ya Kiev zilijengwa ndani ya Bahari Nyeusi na zilihitaji kutoka. Ziliandikwa kuwa kruza nzito zenye kubeba ndege, zikapita mbele ya Istanbul mchana kweupe.

#12 | Fundi_Mitambo_Kurasini
Hayo ndiyo maelezo yanayopendwa, lakini kuna upande wa pili. Meli zile zilibeba makombora mazito ya kupigia meli nyingine, na hata Kuznetsov iliyokuja baadaye ilijengwa ikiwa na mitambo kumi na miwili ya kurushia makombora ya Granit chini ya sitaha yake. Manowari ya Kimarekani ya kubeba ndege haina silaha ya namna hiyo, kwa sababu silaha yake ni ndege zenyewe. Kwa Wasovieti ndege zilikuwa walinzi wa nyambizi na wa makombora. Meli inayopiga kwa makombora yake na kutumia ndege kama ngao inaweza kuitwa kruza bila ya hila yoyote.

#13 | Mwanasheria_wa_Gati
Inaweza pia kuitwa kruza kwa sababu zote mbili, na Waturuki wakaona heri wasiulize sana.

#14 | Mkaazi_wa_Ruwi
Salaam kutoka Muscat. Waingereza nao msiwaache. Mwaka 1966 serikali yao ilifuta mpango wa manowari mpya kubwa ya kubeba ndege, na kuanzia hapo neno hilo likawa mwiko mbele ya wizara ya fedha. Meli za Invincible zilizofuata ziliombewa fedha kwa jina la kruza yenye sitaha inayopita moja kwa moja. Mwaka 1982 kruza hiyo ilikuwa Falklands ikirusha ndege za Sea Harrier. Wapo wanaosema kwamba mchoro wa kwanza ulikuwa kweli wa kruza ya kuongoza msako wa nyambizi kwa helikopta, ukakua hatua kwa hatua, na wapo wanaosema kwamba ilikuwa janja tangu siku ya kwanza. Mimi naelekea kwa hao wa pili.

#15 | Sensei_wa_Arusha
Nimeishi Japani kwa masomo, na ninadhani nyote mmetazama fungu mkasahau jina la meli yenyewe. Kwa upande wa fungu, Wajapani wa leo huziita karibu manowari zao zote za juu ya maji meli za ulinzi wa kusindikiza, kwa sababu kifungu cha 9 cha katiba yao kinakataza kuwa na nguvu za kivita, na kwa miaka mingi serikali ilishikilia kwamba manowari ya mashambulizi ya kubeba ndege haiingii katika ulinzi.

Sasa tazameni majina. Katika jeshi lao la zamani, meli kuu za vita zilipewa majina ya mikoa ya kale, kama Yamato na Musashi, kruza nzito zikapewa ya milima, nyepesi ya mito, na destroya zikapewa ya hali ya hewa, upepo, mvua na mwezi. Destroya zao nyingi za leo zimefuata desturi hiyo hiyo: Murasame ni manyunyu ya mvua, Akizuki ni mwezi wa majira ya vuli. Lakini Hyuga, Ise, Izumo na Kaga zote ni mikoa. Kaga ya kwanza ilianza kujengwa ikiwa meli kuu ya vita, ndiyo maana ikapata jina la mkoa, kisha kwa sababu ya ule mkataba wa 1922 ikageuzwa kuwa ya kubeba ndege, ikashiriki shambulio la Pearl Harbor na kuzamishwa Midway mwaka 1942. Aliyechagua majina haya alijua kwamba umma wa Japani utayasoma. Orodha inasema destroya, ubavu wa meli unasema jambo jingine.

#16 | Nahodha_wa_Msasani
Hapo Sensei umenipa kitu ambacho sikukitarajia. Kwa hiyo fungu ni la wageni na jina ni la wenyeji?

#17 | Sensei_wa_Arusha
Sikusema hivyo moja kwa moja, na wapo Wajapani watakaokuambia kwamba ni heshima tu kwa mikoa. Ila siku hizi majina hayo huandikwa kwa herufi laini za hiragana, na wengine husema ni kwa ajili ya kuyapunguzia ukali wa zamani.

#18 | Dada_wa_Nyali
Kwetu Kenya utaratibu wa majina unasomeka vizuri sana. Boti za kwanza za doria za miaka ya 1960 zilikuwa Simba, Chui na Ndovu, wanyama wa kutisha. Zikaja Madaraka, Jamhuri na Harambee, yaani siasa za uhuru. Halafu mwaka 1988 wakati wa Rais Moi zikaja KNS Nyayo na KNS Umoja, na kila aliyekuwa hai wakati huo anajua nyayo zilikuwa za nani. Galana na Tana, zinazopeleka mizigo na askari ufukweni, zina majina ya mito. Nyingine za baadaye ni Shujaa na Jasiri, sifa za mtu. Mtu asiyejua historia yetu angeweza kuitunga kwa kusoma majina gatini.

#19 | Mkaazi_wa_Ruwi
Dada, nikuongezee jambo. Nyayo na Umoja zinafanana sana na boti za kasi za makombora za Oman, kwa sababu zote zilitoka kwa wajenzi wale wale wa Uingereza, Vosper Thornycroft. Za Oman zimeitwa Dhofar, Al Sharqiyah, Al Batnah na Mussandam, yaani mikoa ya nchi. Umbo linakaribiana, lakini Muscat wakachora ramani na Nairobi wakachora kaulimbiu.

#20 | Kijana_wa_Kigamboni
Na sisi Tanzania? Mwaka 2015 zilizinduliwa Mwitongo na Msoga. Mwitongo ni nyumbani kwa Mwalimu, Butiama, na Msoga ni kijijini kwa Rais aliyezizindua, Kikwete, kule Chalinze. Wa Chalinze walifurahi sana. Sisi wa Kigamboni, ambao kambi ya wanamaji ipo mlangoni kwetu, tunaendelea kusubiri zamu yetu.

#21 | Karani_Mstaafu
Kijana, usidhani kwamba hayo ni ya kwetu peke yetu. Wamarekani walikuwa wakiziita nyambizi zao za mashambulizi majina ya samaki, kisha katika aina ya Los Angeles wakahamia majina ya miji. Admirali Rickover anatajwa kuwa alieleza sababu kwamba samaki hawapigi kura. Waingereza nao wana kamati ya majina, lakini mwisho hupita kwa mfalme, na Churchill alipolipendekeza jina la Oliver Cromwell kabla ya Vita vya Kwanza, Mfalme George wa Tano alikataa katakata. Huwezi kumwomba mfalme aizindue meli yenye jina la mtu aliyemkata kichwa mfalme.

#22 | Mvuvi_wa_Ujiji
Mimi nimesafiri na MV Liemba ya Ziwa Tanganyika, na ninataka kuuliza kuhusu kubadilisha jina. Ilizaliwa ikiitwa Graf von Goetzen, ikazamishwa na Wajerumani wenyewe mwaka 1916, ikaibuliwa na kurudishwa kazini mwaka 1927 ikiwa Liemba, na mpaka ikaingia karne hii ikibeba abiria. Wale wanaosema kwamba kubadilisha jina la meli ni mkosi wanaielezaje?

#23 | Mzee_wa_Kilindini
Ziwa lako, Mvuvi, lina kisa kizuri kuliko vyote. Boti mbili za Waingereza zilizovutwa nchi kavu mwaka 1915 kupitia Kongo, kamanda wao Spicer-Simson alitaka kuziita Paka na Mbwa. Wakubwa wa London wakakataa kwa kuona ni utovu wa heshima kwa jeshi la mfalme. Akapeleka Mimi na Toutou, wakakubali, bila ya kutambua kwamba kwa Kifaransa cha mitaani cha Paris ni mlio wa paka na wa mbwa. Boti ya Kijerumani waliyoiteka, Kingani, akaiita Fifi. Kwa kitabu cha daraja zilikuwa boti tu, lakini kwenye ziwa lile ndizo zilizokuwa kikosi kizima cha mfalme.

#24 | Kusi_na_Kaskazi
Kuhusu mkosi, ushahidi unakwenda pande zote. Deutschland ilibadilishwa jina kuwa Lützow mwaka 1940, kwa kuwa Hitler hakutaka meli yenye jina la Ujerumani izame. Manowari ya Kirusi Potemkin, baada ya maasi ya mabaharia mwaka 1905, iliitwa Panteleimon ili watu wasahau, nao hawakusahau. Mwaka 2023 Wamarekani wameibadilisha kruza Chancellorsville, jina la ushindi wa waliopigania utumwa, ikawa Robert Smalls, mtumwa aliyeiteka meli Planter pale Charleston mwaka 1862 na kuikabidhi kwa upande wa Kaskazini. Huo sijaona mtu akiuita mkosi.

#25 | Binti_Utete
Asanteni. Na HHS Glasgow ya Sultani, iliyozamishwa Zanzibar mwaka 1896? Nimesoma mahali kwamba ilikuwa frigeti.

#26 | Mzee_wa_Kilindini
Ilikuwa meli ya kifahari ya Sultani Barghash, iliyokamilika mwaka 1878 kwa kuiga sura ya frigeti ya Waingereza yenye jina hilo hilo, ndipo utata ulipoanzia. Ilikuwa na mizinga midogo ya kupigia saluti zaidi ya vita. Tarehe 27 Agosti 1896 ilifyatua mizinga hiyo kuelekea kruza St George, na kuanzia dakika hiyo Waingereza waliihesabu kuwa manowari. Milingoti yake ilibaki imechomoza juu ya maji ya bandari kwa miaka mingi. Na kama mnapenda majina, boti mbili za mizinga zilizokuwepo upande wa Waingereza ziliitwa Thrush na Sparrow, kwa sababu aina yao yote ilipewa majina ya ndege wa aina mbalimbali.

#27 | Fundi_Mitambo_Kurasini
Basi hata hapo kazi ndiyo iliyoamua. Ilipofyatua, ikawa manowari.

#28 | Mwanasheria_wa_Gati
Bendera na amri ndivyo vilivyoamua, Fundi.

#29 | Sensei_wa_Arusha
Wakati mnabishana, mtu anieleze Ufaransa. Meli zao za FREMM, kama Aquitaine, wenyewe wanaziita frigeti, lakini ubavuni zimeandikwa herufi D, D650, ambayo katika utaratibu wa NATO ni ya destroya. Na meli za China za Type 055, za zaidi ya tani 12,000, Beijing inaziita destroya wakati ripoti za Wamarekani zinaziita kruza.

#30 | Nahodha_wa_Msasani
Kwa China naona jibu la Karani linatosha, maana adui akiwa na kruza ni rahisi zaidi kuomba fedha. Kwa Ufaransa, Mwanasheria na Fundi wagawane, mmoja achukue jina na mwingine achukue herufi.